Leseni ya udereva: Safari huanza kabla ya kushika usukani

SI jambo geni katika Asumbi na viunga vyake kumwona kijana aliyemaliza Kidato cha Nne majuzi akiendesha pikipiki kwa ustadi mkubwa, ilhali hana stakabadhi yoyote inayomruhusu kuwa barabarani.

Ujuzi huo hupatikana kwa njia inayojulikana na wengi. Kaka au binamu hununua pikipiki, mdogo wake akafunzwa uwanjani jioni, na baada ya wiki chache anaanza kubeba abiria kuelekea Rodi Kopany, Rongo au mjini Homa Bay.

Mbele ya sheria, hata hivyo, kujua kuendesha chombo na kuruhusiwa kukiendesha ni mambo mawili tofauti. Tofauti hiyo huwa haionekani siku za kawaida. Hujitokeza siku ambayo kuna ajali, msako wa polisi au nafasi ya kazi inayohitaji dereva.

Asumbi, eneo la Kaunti ya Homa Bay linalofahamika kwa misheni yake ya Kikatoliki, chuo cha walimu na shule ya upili ya wasichana, liko kwenye barabara inayounganisha Homa Bay na Rongo, mji ulio katika Kaunti jirani ya Migori. Barabara hiyo hutumiwa na matatu, malori, matrekta na mamia ya bodaboda. Anayetaka kuitumia akiwa dereva sharti ajue hatua anazohitajika kufuata, na mpangilio wake.

Sheria yasemaje?

Sheria ya Trafiki, Sura ya 403 ya Sheria za Kenya, inakataza mtu yeyote kuendesha gari au pikipiki barabarani bila leseni halali iliyoidhinishwa kwa aina ya chombo anachoendesha.

Maneno hayo ya mwisho yana uzito. Mwenye leseni ya gari dogo hana ruhusa ya kuendesha lori kwa sababu tu ana leseni. Vivyo hivyo, leseni ya gari haimpi mwenyewe idhini ya kubeba abiria kwa pikipiki.

Aidha, sheria hiyo haimlengi dereva pekee. Mwenye chombo anayemruhusu mtu asiye na leseni kukiendesha pia anatenda kosa. Kwa hivyo mzazi anayempa mwanawe ufunguo wa pikipiki, au tajiri anayemkabidhi kijana bodaboda ili amletee hesabu jioni, hawezi kujitetea kwamba hakuwa yeye aliyekuwa akiendesha.

Tangu sheria hiyo ifanyiwe marekebisho mwaka wa 2012, mwendeshaji pikipiki pia anatakiwa kuvaa kofia ngumu na jaketi inayoakisi mwanga, na kubeba abiria mmoja tu.

Kazi ya kutoa leseni iko mikononi mwa Mamlaka ya Kitaifa ya Uchukuzi na Usalama Barabarani (NTSA), iliyoundwa chini ya sheria ya mwaka wa 2012. Kabla ya hapo, wanafunzi wa udereva walitahiniwa na maafisa wa polisi, na kijitabu chekundu cha leseni kilitolewa kupitia Mamlaka ya Ushuru Nchini (KRA). Wazee wengi wanaowaelekeza vijana bado wanakumbuka utaratibu huo wa zamani, na hapo ndipo baadhi ya maelezo potovu yanapoanzia.

Suala la umri

Swali la kwanza ambalo wazazi huuliza ni umri. Sheria inaweka miaka 16 kuwa kiwango cha chini kabisa kwa mtu kuendesha chombo chochote cha injini barabarani, na miaka 18 kwa anayetaka kuendesha gari.

Wengi husikia kuhusu miaka 16 na kudhani kwamba mwanafunzi wa Kidato cha Pili au cha Tatu anaweza kupata leseni ya bodaboda. Dhana hiyo si sahihi.

Kanuni za mwaka wa 2020 kuhusu shule za udereva, wakufunzi na leseni ziligawa leseni za pikipiki katika madaraja matatu. Kijana wa miaka 16 anaruhusiwa daraja la A1 pekee, ambalo ni la pikipiki ndogo yenye injini isiyozidi cc 50. Pikipiki zinazotumiwa na wahudumu wa bodaboda huwa na injini ya cc 100 au zaidi. Kwa hivyo hakuna njia ya kisheria ambayo mtoto wa miaka 16 au 17 anaweza kubeba abiria kwa pikipiki hizo, hata kama anaimudu kuliko watu wazima.

Kizuizi kingine ni kitambulisho cha kitaifa. Stakabadhi hiyo hutolewa kwa Mkenya aliyetimiza miaka 18, na ndiyo inayotumiwa kufungua akaunti ya kuombea huduma za serikali kwa njia ya mtandao. Bila nambari ya kitambulisho, mwombaji hukwama mlangoni.

Ndiyo maana kijana anayetarajia kuwa dereva anashauriwa kuanza na kitambulisho punde anapotimiza umri huo, badala ya kungoja hadi apate karo ya shule ya udereva. Cheti cha kuzaliwa na nakala za vitambulisho vya wazazi ni vyema vitafutwe mapema, kwani hizo ndizo karatasi ambazo familia nyingi hukosa.

Mbali na kitambulisho, mwombaji anahitaji nambari ya PIN ya KRA. Kuwa na nambari hiyo si sawa na kudaiwa ushuru. Ni utambulisho unaohitajika katika mfumo wa NTSA.

Kwa watu wazima, umri mkubwa si kizuizi. Mwalimu wa miaka 45 anayenunua gari lake la kwanza hupitia hatua zile zile anazopitia kijana wa miaka 18.

Kuchagua daraja

Kosa ambalo huwagharimu wengi ni kujisajili kwa daraja lisilolingana na kazi wanayotaka kufanya.

Kwa miaka mingi, Wakenya walizoea herufi za zamani, na matangazo ya shule za udereva yalijaa maneno “BCE”. Kanuni za mwaka wa 2020 zilileta mpangilio mpya, ambao kwa ufupi ni kama ifuatavyo:

Daraja A ni la pikipiki. A1 ni ya pikipiki ndogo zilizotajwa, A2 ni ya pikipiki ya matumizi ya kawaida, nayo A3 ni ya wanaobeba abiria au mizigo kwa malipo, pamoja na waendeshaji tuktuk. Mhudumu wa bodaboda anahitaji A3.

Daraja B ni la magari madogo. B1 humruhusu mtu kuendesha gari ambalo gia zake hujibadilisha zenyewe, ilhali B2 ni ya gari linalotumia klachi. B3 ni ya dereva anayeendesha magari hayo kama kazi.

Daraja C ni la malori, kuanzia yale mepesi hadi yale yanayovuta trela.

Daraja D ni la magari ya abiria. D1 ni ya matatu ndogo, D2 ni ya mabasi madogo na D3 ni ya mabasi makubwa.

Daraja E ni la madereva maalumu wa kitaalamu, F ni la watu wenye ulemavu, nayo G ni ya mitambo ya viwandani, ya ujenzi na ya kilimo.

Katika ukanda huu, tofauti kati ya B1 na B2 si jambo dogo. Anayefunzwa kwa gari lisilo na klachi huhitimu kwa urahisi zaidi, lakini magari mengi ya kazi, hasa pikapu na malori, hutumia klachi. Kijana anayetafuta ajira atanufaika zaidi akisomea B2.

Vilevile, ukanda wa miwa unaozunguka Awendo na Ndhiwa huajiri madereva wa matrekta na malori. Anayelenga kazi hizo anafaa kuuliza mapema kuhusu daraja G na C, badala ya kutumia pesa zake kwa leseni ya gari dogo kisha agundue kwamba mwajiri hawezi kumpokea.

Ieleweke pia kwamba madaraja ya juu hayapatikani kwa kuruka. Kwa malori mazito na magari ya abiria, kanuni zinadai umri mkubwa zaidi na uzoefu katika daraja la chini. Dereva wa matatu, kwa mfano, huhitaji pia cheti cha maadili mema kutoka kwa polisi na beji ya kuhudumu katika magari ya umma.

Shule na leseni ya muda

Baada ya kupata kitambulisho, PIN na kuamua daraja, hatua inayofuata ni kujiunga na shule ya udereva iliyosajiliwa na NTSA.

Mwanafunzi ana haki ya kuuliza maswali kabla ya kulipa. Je, shule ina leseni ya sasa? Je, mkufunzi mwenyewe amesajiliwa? Je, gari la mafunzo ni la daraja analosomea? Je, ada inayotajwa inajumuisha ada za serikali, au hizo ni kando? Shule inayokataa kujibu maswali hayo haifai kupewa pesa.

Kanuni za mwaka wa 2020 zinataka mafunzo yafuate mtaala, yakiwa na sehemu ya nadharia na sehemu ya vitendo. Mwanafunzi anayefikishwa moja kwa moja kwenye usukani bila kufunzwa alama za barabarani anapunjwa, na atatambua hilo siku ya mtihani.

Kabla ya kutia guu barabarani, mwanafunzi huombewa au hujiombea leseni ya muda. Hii ndiyo inayomruhusu kujifunza katika barabara ya umma.

Leseni ya muda ina masharti yake. Mwanafunzi huendesha gari akiwa na mkufunzi kando yake, na gari hubandikwa kibao chenye herufi L mbele na nyuma ili madereva wengine wamtambue. Leseni hiyo haimruhusu kuendesha peke yake, na haimruhusu kabisa kubeba abiria wa kulipa.

Hapa ndipo vijana wengi wa bodaboda huteleza. Baadhi yao hupata leseni ya muda, wakaiweka mfukoni, na kuanza kazi wakiamini wamekamilisha utaratibu. Wanaposimamishwa na polisi, karatasi hiyo huwa ushahidi kwamba bado ni wanafunzi.

Siku ya mtihani

Shule humpangia mwanafunzi tarehe na kituo cha mtihani kupitia mfumo wa NTSA, baada ya ada kulipwa. Mtihani wenyewe husimamiwa na watahini wa mamlaka hiyo, wala si na shule iliyomfunza.

Sehemu ya kwanza hupima ufahamu wa kanuni. Kwa kawaida mtahiniwa husimama mbele ya meza yenye mfano wa mji, wenye barabara, njia panda na mzunguko. Hupewa kigari kidogo na kuagizwa akiendeshe kutoka mahali pamoja hadi pengine huku akieleza anachofanya na sababu yake.

Meza hiyo imewaangusha wengi wanaojua kuendesha. Anayetoka Asumbi, ambako maisha ya kila siku hayamkutanishi na taa za trafiki wala barabara yenye njia nne, anaweza kuwa na mikono myepesi kwenye usukani lakini asijue aingie vipi kwenye mzunguko. Kanuni ya Kenya ni kwamba magari hupita upande wa kushoto, na anayeingia katika mzunguko huwapisha wanaotoka upande wake wa kulia.

Mtahiniwa huulizwa pia kuhusu alama. Kwa jumla, alama ya pembetatu yenye ukingo mwekundu hutoa tahadhari, na ya duara yenye ukingo mwekundu hukataza au kuweka kikomo. Duara la buluu nalo huamrisha.

Kikomo cha kasi ni eneo jingine la maswali. Katika miji na vituo vya biashara, sheria inaruhusu kasi isiyozidi kilomita 50 kwa saa. Magari ya abiria na yale mazito ya mizigo hayafai kuzidi kilomita 80 kwa saa popote pale. Wakazi wa masoko yaliyo kando ya barabara kuu wanajua jinsi vikomo hivyo huvunjwa, na ndiyo sababu dereva mpya anatarajiwa kuvifahamu kabla hajakabidhiwa leseni.

Sehemu ya pili ni ya vitendo barabarani. Mtahini huangalia jinsi mtu anavyoondoka, anavyobadilisha gia, anavyotumia vioo, anavyoonyesha ishara, anavyopanda mlima na anavyosimama. Kasi na madoido havimpi alama. Utulivu na tahadhari ndivyo vinavyompitisha.

Anayeshindwa hurudi kujifunza na kulipia mtihani mwingine. Hilo si aibu. Aibu ni kutafuta njia ya mkato, kwa kuwa leseni iliyopatikana kwa hongo au kwa maelezo ya uongo inaweza kufutwa, na mwenyewe kufikishwa mahakamani.

Kadi na gharama

Aliyefaulu huomba leseni kamili. Kijitabu chekundu kilianza kuondolewa NTSA ilipoleta kadi ya kisasa yenye kifaa cha kuhifadhi maelezo ya dereva. Kadi hiyo ilipoanzishwa ilitozwa Sh3,000 kwa kipindi cha miaka mitatu.

Mwombaji hutakiwa kufika mwenyewe ili apigwe picha na kuchukuliwa alama za vidole. Huduma za NTSA hupatikana katika vituo vya Huduma, na wakazi wa Asumbi wanaweza kuchagua kati ya kile cha Homa Bay na cha Migori, kutegemea upande ulio rahisi kwao kusafiri.

Malipo yanayoenda kwa serikali ni ya aina tatu: ya leseni ya muda, ya mtihani na ya kadi. Kiasi cha kila ada huonyeshwa kwenye akaunti ya mwombaji kabla hajalipa, na ni vyema kukithibitisha hapo badala ya kutegemea alichoambiwa na rafiki aliyepata leseni miaka mitano iliyopita.

Tangu mwaka wa 2023, huduma za NTSA zimekuwa zikitolewa kupitia mtandao wa eCitizen, na malipo ya serikali hupitia nambari ya pamoja ya 222222. Mtu anayedai ada ya serikali itumwe kwenye nambari yake binafsi ya simu, akiahidi kuharakisha kadi, anafaa kutiliwa shaka. Vilevile, mwombaji anayesaidiwa na mhudumu wa saiba asimwachie nywila ya akaunti yake.

Gharama iliyo kubwa zaidi huwa ni karo ya shule ya udereva, ambayo hutofautiana kati ya shule na shule. Kwa familia inayotegemea kilimo, si pesa kidogo. Baadhi ya makundi ya bodaboda huchanga kwa zamu na kumsomesha mwanachama mmoja mmoja, mbinu isiyotofautiana na chama cha kununua vyombo au mbuzi.

Hasara ya kukosa leseni

Wapo wanaohesabu gharama hizo na kuamua kwamba ni nafuu kukimbizana na polisi. Hesabu hiyo ina kasoro.

Kwanza ni faini. Kanuni za makosa madogo ya trafiki za mwaka wa 2016 ziliweka faini ya Sh7,000 kwa anayeendesha bila leseni iliyoidhinishwa kwa aina ya chombo, na Sh1,000 kwa aliye na leseni lakini akashindwa kuionyesha. Anayekamatwa mara mbili au tatu kwa kukosa idhini huwa ametumia pesa nyingi kuliko bei ya kadi yenyewe.

Pili ni misako. Mnamo Machi 2022, baada ya mwanamke mmoja kudhulumiwa na wahudumu wa bodaboda jijini Nairobi, Rais wa wakati huo, Uhuru Kenyatta, aliamuru wahudumu wote nchini wasajiliwe upya na wawe na leseni. Wasiokuwa na stakabadhi katika maeneo ya mbali walijikuta mashakani kwa kosa lililotendeka jijini.

Tatu, na zito zaidi, ni bima. Mikataba ya bima ya magari na pikipiki kwa kawaida huweka sharti kwamba anayeendesha awe na leseni halali. Ajali ikitokea na dereva akapatikana hana, kampuni inaweza kukataa kugharimia chombo, au ikamlipa aliyeumia kisha ikamdai mwenye chombo pesa hizo.

Kwa familia ya kijijini, maana yake ni wazi: ng’ombe huuzwa na shamba kuwekwa rehani ili kulipia matibabu ya abiria, huku pikipiki iliyoletwa kuinua familia ikiwa imevunjika na mkopo wake haujalipwa.

Tishio hilo si la kubuni. Takwimu za NTSA zilionyesha kwamba watu 4,748 walifariki katika ajali za barabarani nchini Kenya mwaka wa 2024, ikilinganishwa na 4,324 mwaka uliotangulia. Waendeshaji pikipiki na abiria wao ni miongoni mwa wanaofariki kwa wingi.

Pikipiki zenyewe ziliongezeka kwa haraka kuliko mafunzo. Serikali ilipoondoa ushuru wa VAT kwa pikipiki zenye injini isiyozidi cc 250 mwaka wa 2008, bei ilishuka na maelfu ya vijana wakapata riziki. Shule za udereva, ambazo nyingi ziko mijini, hazikuwafuata vijijini kwa kasi hiyo.

Pengo hilo haliwezi kuzibwa na kijana mmoja. Hata hivyo, anayeanza leo anaweza kufuata mpangilio ulio wazi: kitambulisho, PIN, daraja, shule, leseni ya muda, mtihani, kadi. Anayeruka hatua moja hulazimika kuirudia baadaye, mara nyingi kwa gharama kubwa zaidi.

Baada ya kupata kadi, dereva anakumbushwa kuangalia tarehe ya mwisho iliyoandikwa juu yake na kuomba mpya kabla ya siku hiyo. Leseni iliyopitwa na wakati humrudisha mwenyewe katika hali ile ile ya asiye na leseni, hata kama ameendesha kwa miaka 20 bila ajali.